Nyumba ya milioni 6 inayolipwa milioni 16

Mabango ya nyumba yanayopanga foleni kando ya barabara ya Mombasa, kutoka Mlolongo hadi Athi River, hutaja bei ya nyumba, na mara nyingi hutaja pia rejesho la kila mwezi. Jumla ya fedha zitakazotoka mfukoni mwa mnunuzi hadi siku benki itakapomrudishia hatimiliki haitajwi. Si siri, na hakuna aliyeificha. Ni hesabu ya kuzidisha tu ambayo wanunuzi wengi hawaifanyi kabla ya kutia saini.

Chukulia nyumba ya vyumba viwili Syokimau inayouzwa shilingi milioni 6 za Kenya. Mnunuzi anatoa kianzio cha milioni 1, na benki inamkopesha milioni 5 alipe kwa miaka 20 kwa riba ya asilimia 14 kwa mwaka. Mnunuzi huyu ni wa kubuni, lakini riba yake si ya kubuni: wastani wa riba ya mikopo ya nyumba nchini Kenya ulizunguka hapo mwaka 2023. Rejesho lake ni shilingi 62,176 kwa mwezi. Likizidishwa kwa miezi 240, linafika milioni 14.9. Ongeza kianzio, kisha ushuru wa stempu ambao kwa mali ya mjini ni asilimia 4, yaani 240,000. Jumla sasa imepita milioni 16, na wakili bado hajalipwa.

Kwa nini inafika huko? Benki hutoza riba juu ya deni lililobaki, na mwanzoni deni lote ndilo lililobaki. Mwezi wa kwanza, riba ya milioni 5 kwa asilimia 14 ni shilingi 58,333. Mnunuzi akilipa 62,176, benki huchukua riba yake kwanza, na kinachopunguza deni lenyewe ni shilingi 3,843 pekee. Mwezi wa pili deni limeshuka kidogo, riba nayo inashuka kidogo, na punje chache zaidi zinaelekea kwenye deni. Mwendo ni huo huo mpaka mwisho.

Mwaka wa kwanza ukiisha, mnunuzi amelipa takriban shilingi 746,000 na deni limepungua kwa 49,000. Baada ya miaka mitano amelipa milioni 3.7, na bado anadaiwa karibu milioni 4.67. Miaka kumi ikitimia, nusu ya safari kwa kalenda, amekwisha kulipa milioni 7.46, fedha inayozidi bei ya nyumba yenyewe, na anadaiwa milioni 4. Nusu ya deni haifikiwi mpaka katikati ya mwaka wa 16.

Hesabu hii inapokewa vibaya zaidi na watu wanaouza nyumba mapema. Mtumishi anahamishwa kituo cha kazi mwaka wa tano, au ndoa inavunjika, au biashara inahitaji mtaji. Nyumba inauzwa, benki inachukua milioni 4.67 yake, na mwenye nyumba anashangaa kuona kilichobaki. Hakuibiwa. Jedwali la marejesho alilokabidhiwa siku ya mkataba lilionyesha yote hayo, safu kwa safu, ila ni wachache wanaolisoma kupita ukurasa wa kwanza.

Sasa kuna jambo ambalo kwa maoni ya mwandishi huyu ndilo kiini cha mkopo wa nyumba, na ndilo linalozungumzwa kidogo kuliko yote: idadi ya miaka. Watu hubishana na benki juu ya nusu asilimia ya riba, halafu wanapoulizwa wanataka miaka mingapi, wanajibu iliyo mingi zaidi. Mkopo ule ule wa milioni 5 kwa asilimia 14 ukilipwa kwa miaka 25, rejesho linashuka hadi 60,188. Nafuu ni chini ya shilingi 2,000 kwa mwezi. Jumla ya marejesho, hata hivyo, inapanda kutoka milioni 14.9 hadi zaidi ya milioni 18. Yaani mnunuzi ananunua nafuu ya shilingi 2,000 kwa mwezi kwa milioni 3.1. Hakuna duka lolote Nairobi lenye bei mbaya kuliko hiyo.

Upande wa pili unafurahisha. Akichukua miaka 15, rejesho ni 66,587, nyongeza ya shilingi 4,400 tu juu ya lile la miaka 20, na jumla inashuka hadi karibu milioni 12. Kadiri riba inavyokuwa kubwa ndivyo miaka ya ziada inavyozidi kupoteza maana, kwa sababu rejesho haliwezi kushuka chini ya riba ya mwezi. Katika nchi zenye riba ya asilimia 3 au 4, miaka 30 inampa mkopaji nafuu ya kweli kila mwezi. Kwa asilimia 14 inaongeza karibu riba tupu. Desturi ya mkopo wa miaka mingi imeletwa huku bila ile riba ndogo iliyoizaa.

Wahenga walisema dawa ya deni ni kulipa. Kwenye mkopo wa nyumba dawa hiyo inafanya kazi ikinywewa mapema. Mnunuzi wa Syokimau akiongeza shilingi 5,000 juu ya rejesho lake kila mwezi tangu mwanzo, deni la miaka 20 linaisha kwa miaka 14 na miezi saba, na anaokoa takriban milioni 3.2. Shilingi hizo hizo zikianza kulipwa mwaka wa 16 zinaokoa kidogo sana, maana riba nyingi imeshalipwa. Ila kabla ya kuongeza chochote, mkataba usomwe: baadhi ya benki hutoza ada kwa anayelipa kabla ya muda, na nyingine huiweka fedha ya ziada kama malipo ya mwezi ujao badala ya kuikata kwenye deni. Maagizo yatolewe kwa maandishi.

Mpaka hapa hesabu zimechukulia kwamba riba haiyumbi, na hapo ndipo mfano wowote wa mkopo wa nyumba unapokuwa na upole kuliko maisha. Mikopo mingi ya nyumba Afrika Mashariki ni ya riba inayobadilika. Kenya iliwahi kuweka kikomo kwa sheria: kuanzia Septemba 2016 benki hazikuruhusiwa kutoza zaidi ya pointi nne juu ya riba ya Benki Kuu, na kikomo hicho kiliondolewa Novemba 2019. Mei 2022 Benki Kuu ya Kenya ilianza kupandisha riba yake kutoka asilimia 7, na kufikia Februari 2024 ilikuwa asilimia 13. Barua za benki zikafuata. Aliyekopa mwaka 2021 akiamini amepiga hesabu zake vizuri alijikuta analipia mkopo mwingine ambao hakuuomba.

Mnunuzi wetu akipandishiwa kutoka asilimia 14 hadi 17 baada ya miaka mitatu, deni lake likiwa milioni 4.83, riba ya mwezi mmoja peke yake inakuwa shilingi 68,400. Rejesho lake la zamani la 62,176 halitoshi hata kulipa riba. Benki ikimwachia rejesho lile lile, deni litakuwa linakua huku yeye analipa kila mwezi bila kukosa. Akitaka kumaliza ndani ya miaka yake 17 iliyobaki, inabidi alipe 72,500. Nyongeza ya zaidi ya shilingi 10,000 kwa mwezi si jambo la kutafutiwa kwenye bajeti ya sukari.

Ndiyo maana mikopo inayopitia Kampuni ya Kufadhili Mikopo ya Nyumba ya Kenya, KMRC, inastahili kuulizwa kwanza na kila anayetimiza masharti. Kampuni hiyo iliundwa 2018 na haimkopeshi mwananchi moja kwa moja: inazikopesha benki na Sacco fedha za muda mrefu kwa riba nafuu, nazo zinamkopesha mwananchi kwa riba isiyobadilika na isiyofika asilimia 10. Milioni 5 kwa asilimia 9 kwa miaka 20 ni rejesho la takriban 45,000 na jumla ya milioni 10.8. Tofauti na mkopo wa asilimia 14 ni milioni 4.1. Tanzania ina chombo cha aina hiyo, TMRC, tangu 2010, lakini riba za mikopo ya nyumba huko bado zimekuwa zikitajwa kati ya asilimia 15 na 19, na kwa viwango hivyo kila kilichosemwa hapo juu juu ya miaka kinauma zaidi.

Wapo wanaokimbia benki kwa tangazo la riba ndogo. Waangalie riba hiyo inatozwa juu ya nini. Mkopeshaji anayedai asilimia 9 isiyopungua, kwa miaka kumi, anatoza asilimia 9 ya milioni 5 yote kila mwaka hata pale deni linapobaki laki chache. Riba inafika milioni 4.5, na rejesho ni 79,167 kwa mwezi. Kwa kipimo cha riba inayopungua, ambacho benki hutumia kwenye mikopo ya nyumba, hiyo ni takriban asilimia 14.5.

Na wanaokwepa riba kwa sababu ya dini? Zipo benki za Kiislamu: Gulf African Bank ilianza kazi Kenya mwaka 2008, na Amana Bank ikaanza Tanzania mwaka 2011. Katika mpango wa ubia unaopungua, benki na mteja hununua nyumba pamoja, na mteja hulipa kodi kwa sehemu ya benki huku akiinunua kidogo kidogo. Muundo ni tofauti kisheria na kidini, na hilo si dogo kwa muumini. Lakini benki nayo inatafuta faida, na jumla ya malipo inapaswa kupigwa kwa kalkuleta ile ile.

Gharama nyingine hupita kimya. Wakili wa mnunuzi analipwa na mnunuzi, na wakili wa benki pia, jambo linalowashangaza wengi. Kuna mthamini, ada ya kuandaa mkopo, bima ya maisha inayolipa deni mkopaji akifariki, na bima ya moto, zote mbili zikilipwa kila mwaka mpaka mwisho. Kuna ada za kaunti. Kwenye magorofa kuna ada ya huduma kwa ajili ya walinzi, lifti na maji, ambayo haikomi hata deni likiisha. Na baada ya miaka 20 paa litakuwa limeomba kubadilishwa.

Serikali inarudisha kidogo. Tangu mwisho wa Desemba 2024, anayeishi kwenye nyumba aliyoikopea Kenya anaruhusiwa kuondoa hadi shilingi 360,000 za riba kwa mwaka kwenye mapato yanayotozwa kodi, badala ya 300,000 za awali. Kwa aliye kwenye daraja la asilimia 30, huo ni unafuu wa hadi 108,000 kwa mwaka, sawa na 9,000 kwa mwezi.

Kuna utetezi mmoja wa kweli wa mkopo mrefu, na haufai kufichwa. Shilingi ya mwaka wa 20 si shilingi ya leo. Mfumuko wa bei ukiwa asilimia 5 kwa mwaka, ambayo ndiyo shabaha ya katikati ya Benki Kuu ya Kenya, rejesho la mwisho la 62,176 litakuwa na nguvu ya takriban shilingi 23,400 za leo, na marejesho yote 240 yatakuwa na thamani ya milioni 9.5 za leo. Mshahara ukipanda na bei, mzigo unapungua uzito. Bado ni karibu mara mbili ya fedha iliyokopwa. Na mshahara usiopanda hauna habari na utetezi huu.

Kulinganisha na kupanga ni haki, mradi hesabu iwe kamili. Ikiwa nyumba kama hiyo inapangishwa kwa 30,000, anayepanga anabaki na 32,000 kila mwezi juu ya mwenye mkopo, na swali ni atazifanyia nini. Zikienda Sacco au kwenye dhamana za serikali, anaweza kununua nyumba baadaye kwa mkopo mdogo zaidi. Zikiliwa, mwenye mkopo amemshinda. Anayejenga pole pole, chumba baada ya chumba, njia ya wengi kuliko zote kuanzia Kisauni hadi Mbagala, halipi riba, ila anaendelea kulipa kodi ya pango huku bei ya saruji na mabati ikimkimbia. Kenya nzima ina mikopo ya nyumba takriban 30,000 tu, na hesabu hizi zinaeleza sehemu ya sababu.

Mambo yakiharibika, sheria ya Kenya haimwachi mkopaji mikononi mwa dalali kesho yake. Sheria ya Ardhi ya 2012 inataka notisi ya miezi mitatu ya kurekebisha kosa, kisha notisi ya siku 40 kabla ya kuuza. Kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki kinazuia riba ya mkopo ulioshindwa kulipwa isipite deni lililokuwapo siku mkopo ulipoharibika. Ni kinga, lakini deni linaloweza kukua maradufu bado ni deni zito, na anayeona dalili za kukwama aende benki kabla notisi ya kwanza haijaandikwa.

Anayekaribia kutia saini aombe benki majedwali matatu ya marejesho: la miaka 15, la 20 na la 25. Aombe la nne linaloonyesha rejesho litakuwa kiasi gani riba ikipanda kwa pointi tatu. Benki ina programu ya kuyatoa yote kwa dakika chache, na ikisita kuyatoa, zipo nyingine.