Kuchakachua PlayStation na Mashine Nyengine za Michezo: Hukumu Yake na Hatari Zake



Sifa zote njema anastahiki Allah (S.W.T.), na rehma na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (S.A.W.), jamaa zake na masahaba zake. Ama baad:

Yametufikia maswali matatu yanayokaribiana. Mama mmoja wa Pemba anasema mtoto wake ametumiwa PlayStation 4 na ami yake aliyeko Muscat, na sasa wenzake wanamhimiza aipeleke kwa fundi "ikavunjwe" ili apate magemu ya bure. Mzee mwengine alinunua mashine iliyokwishatumika, akaifikisha nyumbani, na watoto walipoiunganisha na intaneti ikawakatalia moja kwa moja. Kumbe ilikuwa imefungiwa zamani. Wa tatu ni kijana ambaye kazi yake ndiyo hiyo ya kuvunja mashine na kutia magemu. Anauliza kama fedha anazowalishia watoto wake ni halali. Hili la tatu ndilo lililotufanya tusijibu kwa mistari miwili kama kawaida yetu.

Hatutaingia hapa katika hukumu ya kucheza gemu kwenyewe. Tulikwishaeleza kuwa asili yake ni mubaha kwa masharti yanayojulikana: isipitishe Sala, isiwe na kamari wala uchafu, isile haki za watu wa nyumbani. Tunazungumzia kuichezea mashine yenyewe na magemu yaliyomo ndani yake.

Kinachofanyika hasa

Mashine hizi zimefungwa kwa makusudi. Kila gemu linapotaka kufunguka, mashine huliuliza kwanza kama limetoka kwa mwenyewe. Kwenye PlayStation ya mwanzo, diski halali ilikuwa na alama iliyofichwa katika mstari wa mwanzo wa diski, alama ambayo rikoda ya CD ya kawaida haiwezi kuiandika. Mafundi wakawa wanachomea kidude kidogo ndani ya mashine kwa risasi, kinachojibu "ndiyo" kila mashine inapouliza. Hapo ndipo lilipotoka neno "kuchipu". PlayStation 2 nayo ilichipiwa kwa nyaya nyingi mno, mpaka ilipofika mwaka 2008 ikapatikana njia ya kupitia memori kadi bila ya kufungua hata skrubu moja.

Mashine za baadae zinatumia sahihi ya kidijitali: gemu lisilotiwa sahihi na kampuni halifunguki. Mafundi wakatafuta nyufa. Mwishoni mwa mwaka 2010 kundi la wataalamu lilionyesha hadharani kuwa Sony ilikosea hesabu katika kutia sahihi za PlayStation 3, na funguo zikajulikana. Xbox 360 ilivunjwa kwa kuipiga prosesa mshtuko mdogo sana wa umeme wakati inapolinganisha sahihi, ikababaika na kukubali. PS4 huvunjwa kupitia kasoro za programu katika matoleo ya zamani ya mfumo wake, na kwa kawaida ukiizima kabisa kazi yote hupotea na lazima irudiwe. Ndio maana fundi humwambia mteja: usiifanyie apdeti hata siku moja.

Si kila mabadiliko ni uvunjaji, na hapa watu wengi huchanganya. Wanaokumbuka gemu la mpira la PES wanajua kuwa Manchester United iliitwa "Man Red", kwa sababu watengenezaji hawakuwa na ruhusa ya jina. Kwenye PS4 gemu hilo lenyewe lilikuwa na mlango wa kuingizia majina na jezi kwa flashi. Hayo ni mabadiliko yaliyoruhusiwa na mwenye gemu. Skyrim nayo ilipotolewa upya mwaka 2016 ilikubali nyongeza za wachezaji kwenye PS4 na Xbox One kupitia mlango wake wenyewe. Kijana anayemtia mchezaji jezi ya Simba au Yanga kwa njia kama hiyo, hatuoni wa kumlaumu, isipokuwa mama yake ikiwa hajamaliza kazi za skuli.

Hukumu yake

Mashine ukishainunua ni mali yako. Kuifungua ukaisafisha vumbi, ukabadilisha feni au sehemu ya HDMI iliyovunjika, hilo halina mjadala. Mjadala uko katika gemu, kwani gemu ni kazi ya watu wengine. Majma'u ya Fiqhi ya Kiislamu, katika kikao chake cha tano kilichofanyika Kuwait mwezi wa Disemba 1988, ilipitisha kwamba haki za utunzi na uvumbuzi ni haki zinazolindwa kisheria, zina thamani ya mali, na haifai kuzivamia. Juu ya hayo kuna amri ya kutimiza mikataba iliyo mwanzoni mwa Suratul Maida, na mafundisho ya Mtume (S.A.W.) kuwa Waislamu husimama kwenye masharti yao. Na kwa upande wa serikali, Zanzibar ina sheria yake ya hakimiliki tangu mwaka 2003.

Wapo wanavyuoni waliolegeza kwa mtu anayenakili kwa matumizi yake mwenyewe bila ya biashara, na hatuwafichi wasomaji wetu kauli hiyo. Lakini hata wao hawakulegeza kwa anayeuza. Kwa hiyo duka linalojaza magemu mia katika hadidiski na kulipisha kwa idadi halina pa kujificha katika khitilafu hii.

Tutaambiwa: gemu jipya la PS4 linauzwa dola 60, la PS5 dola 70, nani huku ana fedha hizo? Ni kweli, ni ghali, na hatudhani waliopanga bei hizo walimfikiria mtu wa Micheweni. Ila ughali wa kitu cha anasa haukuwa dharura kwa mwanachuoni yeyote tunayemjua. Dharura ni dawa na chakula. Asiye na dola 60 ana diski zilizotumika, ana kubadilishana na jirani, na ana magemu yanayotolewa bure na wenyewe. Hata PES ilipogeuzwa jina kuwa eFootball mwaka 2021 ilifanywa ya bure, ingawa mzazi aangalie manunuzi ya ndani yake.

Kuna hali ambazo tunaziona nyepesi zaidi. Mtu aliyenunua diski halali kutoka nchi nyengine na mashine ikaikataa kwa sababu ya eneo hakumuibia yeyote. Vilevile anayetaka kuendesha programu aliyoiandika mwenyewe. Na kuna mashine za zamani ambazo duka lake limeshafungwa, kama Nintendo ilivyofunga duka la 3DS na Wii U mwezi wa Machi 2023. Hapa haki ya mwenyewe haijafutika, lakini hatumuweki mtu huyu kapu moja na muuzaji wa nakala. Akamuulize sheikh wake kwa hali yake ilivyo.

Hatari ambazo fundi hazitaji

Ya kwanza ni mashine kufa. Kuandika upya mfumo wa ndani ni kazi inayohitaji umeme usiokatika hata kwa dakika moja, na sote tunajua umeme wetu. Ukikatika katikati, mashine inaweza isiwake tena, na hapo hakuna wa kudai kwake, kwani dhamana ya kampuni imekwisha siku ilipovunjwa.

Ya pili ni programu zenyewe. Mtu anachukua faili kutoka kwa asiyemjua na kulipa mamlaka yote ya mashine. Mwaka 2005 ilienezwa programu ya PSP iliyodaiwa kurudisha mfumo wa zamani; kazi yake ya kweli ilikuwa kufuta mafaili ya lazima na kuiua mashine. Mwaka 2014 watu waliokuwa wakiuza kifaa cha kuvunjia Nintendo 3DS waligundulika wameweka ndani ya programu yao amri ya kuua mashine, wakiwalenga wanaotumia nakala za kifaa chao. Yaani wezi wameibiana, na aliyeumia ni mtoto mwenye mashine. Kama katika mashine hiyo kuna akaunti yenye kadi ya benki ya baba au nywila anayoitumia pia kwenye barua pepe, hasara inaweza kutoka nje ya gemu.

Ya tatu ni kufungiwa. Kampuni hutambua mashine iliyovunjwa ikiingia mtandaoni na kuifungia kwa nambari yake, na mara nyingi hakuna rufaa. Mwezi wa Novemba 2009 Microsoft ilizifungia Xbox 360 nyingi sana kwa mpigo. Kufungua akaunti mpya hakusaidii, kwa sababu kilichofungiwa ni chombo. (Kuna jambo jengine hapa, la vijana wetu kufungua akaunti kwa anuani ya nchi wasiyoishi. Tutaliandikia peke yake inshaallah.)

Mashine hizo zilizofungiwa huenda wapi? Huuzwa, na nyingine huishia kwa mtu kama yule mzee aliyetuandikia. Muuzaji anajua, mnunuzi hajui. Mtume (S.A.W.) alipopita sokoni akatia mkono katika chakula kilichokuwa kikiuzwa, akakuta unyevu chini, alimkemea mwenyewe kwa kuficha aibu ya bidhaa, na akamtoa mdanganyifu katika mwenendo wake. Mashine iliyofungiwa ni chakula kile kile kilicholowa. Anayeiuza bila ya kusema amefanya ghishi, na mnunuzi ana haki ya kuirudisha na kupewa fedha zake. Tumemwambia mzee huyo amrudie muuzaji kwa upole pamoja na shahidi, kabla ya kumfikisha kwa sheha.

Kinachoingia ndani ya nyumba

Hatari hii tumeiacha nyuma, lakini kwetu ndiyo nzito. Gemu la dukani lina boksi, na boksi lina alama ya umri: 7, 12, 16, 18. Mzazi asiyejua chochote kuhusu gemu anaweza kusoma nambari. Hadidiski iliyojazwa na fundi haina boksi. Mtoto wa miaka tisa anarudi na magemu themanini kwa bei ya moja, na hakuna mtu mzima katika nyumba anayejua kilichomo.

Na mabadiliko yenyewe huweza kuzidisha. Grand Theft Auto: San Andreas, gemu lililochezwa sana katika vibanda vya huku, lilitoka mwaka 2004 likiwa na uchafu wa kutosha. Mwaka 2005 mtaalamu mmoja wa Uholanzi akatoa nyongeza iliyofungua tendo la zinaa lililokuwa limefichwa ndani ya gemu. Watengenezaji kwanza wakawalaumu wachezaji, kisha ikaonekana kuwa kitu hicho kimo katika diski walizouza wenyewe, hata kwenye PS2, kwa kutumia kifaa cha mbinu. Bodi ya Marekani ikalipandisha gemu daraja hadi watu wazima peke yao. Leo zipo nyongeza za kuwavua nguo wahusika katika magemu ambayo asili yake hayana hilo kabisa. Kwa hiyo mzazi anayesema "nalijua gemu hili, nimeliona kwa jirani" pengine hakuliona hili lililomo katika mashine yake.

Heshima ya dini nayo imo humu. Mwaka 2021 Al-Azhar ilitoa tahadhari juu ya Fortnite kwa sababu ya sura ya Al-Kaaba iliyowekwa ndani yake. Kampuni ikajibu kuwa ni kazi ya wachezaji, si yao. Kinyume chake, mwaka 2008 Sony ilichelewesha gemu la LittleBigPlanet dunia nzima na kuzirudisha diski baada ya Muislamu mmoja kuwaandikia kwamba nyimbo moja ndani yake ina maneno ya Qur-ani. Barua moja ya adabu ilitosha. Nakala ya wizi haina wa kuandikiwa.

Majibu kwa waliouliza

Mama wa Pemba: usiruhusu mashine ivunjwe. Mwambie ami yake huko Muscat, ambako diski halali zinapatikana madukani, amletee moja akija Idi. Weka nywila ya mzazi katika mashine. Ipo katika mipangilio, na ukishindwa muombe mtoto wa ndugu yako mkubwa akusaidie, si mwenye mashine. Mashine ikae ukumbini.

Kijana fundi: kazi yako ina pande mbili, na tunakuomba uzitenganishe kwenye daftari. Ujira wa kutengeneza pedi, feni, pawa na HDMI ni halali yako, ule bila ya wasiwasi. Ujira wa kuuza na kutia nakala uuwache, kwa sababu ni kusaidia kula haki ya mtu. Kwa uliyoyachuma kabla hujajua, hatukwambii watoto wako wamelishwa haramu kwa makusudi. Muombe Allah msamaha na usirejee. Kama bado una fedha ulizochuma baada ya kujua, zipeleke suala lake kwa sheikh wako au Ofisi ya Mufti, kwa sababu hukumu yake inategemea kiasi chake na hali yako. Na mteja akikujia na mashine iliyovunjwa na mwengine akitaka uirudishie mfumo wake wa asili, mtengenezee na chukua ujira wako.

Wallahu a'lam.