Mwigizaji msaidizi na ulimi wake: safari ya Lupita Nyong'o

Katika vyumba vya video vya Uvira, kuanzia Kavimvira hadi Kalundu, filamu huwa na watu wa aina tatu: akteri, adui na wengine. Akteri ndiye asiyekufa. Ng'ambo ya ziwa, Tanzania, wanamwita stelingi, na imani ni ileile. Adui anajulikana tangu dakika ya kwanza. Waliobaki wote, mama wa akteri, rafiki anayepigwa risasi mapema, dada anayefungua mlango na kusema maneno manne, hawana jina. Ukitaka kumtaja mmoja wao inabidi ueleze: "yule mama wa pale mwanzo".

Vitabuni istilahi ipo. Katika fasihi tunafundishwa mhusika mkuu na wahusika wasaidizi, na magazeti ya Kiswahili huandika "mwigizaji msaidizi". Kifaransa tulichosomea shule kinamhesabu mtu huyu kwa nafasi: yeye ni wa pili. Kiswahili hakihesabu, kinataja kazi. Anasaidia. Swali ni anasaidia kwa kitu gani, na ninalijibu kwa kumfuata mwanamke ambaye tuzo yake kubwa ina jina hilohilo. Tarehe 2 Machi 2014, Lupita Nyong'o, Mkenya, alipewa Oscar ya mwigizaji bora msaidizi wa kike. Hoja yangu ni ya mwanafunzi wa isimu: sehemu kubwa ya usaidizi wake imefanywa na ulimi.

Alizaliwa Mexico City mwaka 1983, mji ambao baba yake, Peter Anyang' Nyong'o, alikuwa akifundisha, na ndiyo maana anaitwa Lupita, kifupisho cha Guadalupe. Alikulia Kenya. Nyumbani kulikuwa na Kidholuo, shuleni Kiingereza na Kiswahili, na alipofika miaka 16 wazazi walimrudisha Mexico kwa miezi kadhaa ajifunze Kihispania. Lugha nne kabla ya kazi yoyote. Huku kwetu hilo halishangazi mtu: mtoto wa Uvira ana Kifuliiru, Kivira au Kibembe cha jikoni, Kiswahili cha barabarani, Kifaransa cha darasani, na Kirundi cha kutosha kununulia bidhaa Bujumbura. Tofauti ni kwamba yeye baadaye alilipwa kwa ajili yake.

Kazi za mwanzo zilikuwa ndogo. Akiwa na miaka 14 aliigiza Juliet jukwaani Nairobi na kundi la Phoenix Players. Ilipopigwa "The Constant Gardener" nchini Kenya, alikuwa nyuma ya kamera, mmoja wa wale wanaobeba karatasi na kuita watu. Mwaka 2009 alikuwa Ayira katika "Shuga", tamthilia ya televisheni ya MTV kuhusu vijana na UKIMWI, na mwaka huohuo akatoa filamu yake ya hali halisi, "In My Genes", juu ya watu wenye ualbino Kenya. Katika "Shuga" alizungumza kama msichana wa Nairobi. Hakuna aliyemwomba azungumze vingine.

Kisha akaenda Yale, shule ya uigizaji, akamaliza mwaka 2012. Hapo ndipo habari inapotuhusu.

Kiingereza cha Kenya, kama vile cha majirani zake, kina mfumo wa irabu unaokaribia irabu tano za Kiswahili. Maneno bad, bud na bird, ambayo Mmarekani huyatenganisha kwa irabu tatu, kwa mzungumzaji wa Nairobi hukaribiana mno, yote yakielekea a. Sauti r baada ya irabu haitamkwi. Silabi hupewa muda unaokaribia kulingana, wakati Mmarekani humeza zile zisizo na mkazo. Kwa hiyo mtu anayetaka kusikika Mmarekani hapambi tu maneno yake kwa r kadhaa. Anajenga upya irabu, mkazo na mdundo, na inambidi afanye hivyo pia anapoagiza chai, la sivyo ulimi unarudi kwao.

Katika kipindi chake cha sauti, "Mind Your Own", alichokianzisha mwaka 2024, Nyong'o ameeleza kwamba ndivyo alivyofanya. Aliamini kwamba bila lafudhi ya Kimarekani hangepata kazi, akajikataza lafudhi yake ya Kenya hata nje ya darasa. Ilimuumiza. Aliona kwamba anajisaliti. Kisha, filamu iliyomtoa ilipokuwa ikitangazwa, alifanya uamuzi wa kuzungumza na waandishi wa habari kwa sauti ya nyumbani, ili vijana wa Afrika wasikie kwamba inatosha.

Nilipolisikia hilo nilikumbuka mwaka wangu wa kwanza. Nyumbani tunasema "batoto banakuya" na "niko naenda". Mbele ya mwalimu nilijifunza kusema "watoto wanakuja" na "ninaenda", na ilipofika likizo mama aliniuliza kama nimekuwa Mtanzania. Mimi nilibadilisha viambishi kwa ajili ya alama ishirini, yeye irabu kwa ajili ya mkate. Lakini kitendo ni kimoja, na isimujamii ina jina lake: kuhamia kwenye lahaja yenye hadhi. Kinachosahaulika mara nyingi ni safari ya kurudi, ambayo yeye aliifanya hadharani.

Filamu yenyewe ni "12 Years a Slave" ya Steve McQueen, ya mwaka 2013. Akteri, kwa lugha yetu, ni Solomon Northup, aliyeigizwa na Chiwetel Ejiofor, mtu huru aliyetekwa na kuuzwa utumwani Louisiana. Nyong'o ni Patsey, mtumwa anayechuma zaidi ya pauni 500 za pamba kwa siku, yaani zaidi ya kilo 220, na bwana wake anamtaka kwa tamaa na kumpiga kwa tamaa hiyohiyo. Patsey hakubuniwa: Northup alimwandika katika kitabu chake cha mwaka 1853. Hana maneno mengi. Yaliyo mazito zaidi ni pale anapoeleza kwa nini aliondoka shambani bila ruhusa: alikwenda kuomba kipande cha sabuni, kwa sababu bibi wa nyumba amemnyima hata cha kuogea. Hotuba ni fupi, imesemwa kwa Kiingereza cha watumwa wa kusini, na baada yake mijeledi inaanza. Lafudhi aliyoichukia kwa kumla roho ndiyo mlango aliopitia kuingia hapo. Sioni jinsi ya kulilainisha hilo.

Naomba msomaji aone pia jambo moja dogo. Siku mbili tu kabla ya Oscar ile, sinema za Marekani zilianza kuonyesha "Non-Stop", filamu ya ndege iliyotekwa, na ndani yake Nyong'o ni mhudumu wa ndege mwenye sentensi chache. Mwigizaji msaidizi bora wa mwaka alikuwa wakati huohuo "yule dada wa ndani ya ndege".

Baada ya tuzo mtu angetegemea awe akteri mara moja. Haikuwa hivyo. Mwaka 2015 alikuwa Maz Kanata katika "Star Wars", kiumbe kilichochorwa na kompyuta juu ya miondoko yake, na mwaka 2016 sauti ya mbwa mwitu Raksha katika "The Jungle Book". Uso hauonekani kabisa, kinachobaki ni sauti. Mwaka huohuo alikuwa Nakku Harriet, mama wa mcheza sataranji Phiona Mutesi, katika "Queen of Katwe" ya Mira Nair, akitamka Kiingereza cha Kampala, ambacho si cha Nairobi, ingawa mgeni hawezi kuvitenganisha. Na jukwaani New York alikuwa msichana wa Liberia katika tamthilia ya Danai Gurira, "Eclipsed". Tamthilia hiyo aliijua: Yale mwaka 2009 alikuwa mwigizaji wa akiba ndani yake, yaani msaidizi wa kusubiri mwingine augue.

"Black Panther" ya mwaka 2018 niliitazama mara mbili, na mara hizo mbili si filamu moja. Lugha ya Wakanda ni Kixhosa, kwa sababu John Kani, mwigizaji wa Afrika Kusini, alikitumia alipokuwa mfalme T'Chaka katika filamu ya mwaka 2016, na wengine wakafuata. Kixhosa kina vidoko, konsonanti ambazo Kiswahili hakina. Mkufunzi wa lafudhi alikuwa Beth McGuire, mwalimu wa Yale, shule ileile. Nyong'o ni Nakia, jasusi. Tunamkuta kwanza Nigeria, amejificha miongoni mwa wanawake waliotekwa, kisha sokoni Busan akizungumza Kikorea na muuzaji ili wapitishwe. Ujasusi wake, ukiutazama vizuri, ni uwezo wa kubadili lugha.

Mara ya kwanza, hata hivyo, niliitazama Uvira, ikiwa imesimuliwa. Wasomaji wanajua kazi hii: mtu mmoja, mwanamume, anapunguza sauti ya filamu na kusema yote mwenyewe kwa Kiswahili cha Dar es Salaam. Mtafiti Mjerumani Matthias Krings ameiandikia makala akiifananisha na kugeuza wali kuwa pilau, na ni kweli viungo havikosekani. Tulicheka sana. Lakini Kixhosa, Kiingereza na Kikorea vyote vilikuwa Kiswahili kimoja, na pale sokoni Busan msimulizi alitumia muda huo kumsifu Nakia kwa sura yake. Kazi yote niliyoieleza hapa, irabu na vidoko na mkufunzi, ilifutwa na mtu mwenye kipaza sauti. Simlaumu, bila yeye nusu ya chumba isingeelewa chochote. Ila hapo ndipo nilipoelewa kwa nini "wengine" hawana jina kwetu. Akteri anasimuliwa kwa vitendo, ngumi haihitaji tafsiri. Msaidizi aliyejengwa kwa lafudhi hupotea mara tu sauti inapopunguzwa.

Uakteri ulikuja mwaka 2019 na "Us" ya Jordan Peele, akiwa wanawake wawili wenye mwili mmoja na sauti mbili. Sauti ya wa pili, ya kukwama kooni, aliichukua kutoka kwa watu wenye ugonjwa wa nyuzi za sauti. Vyama vyao vililalamika kwamba ugonjwa umefanywa kitisho, naye akaomba radhi. Mwaka huo pia alitoa kitabu cha watoto, "Sulwe", ambacho kimetafsiriwa kwa Kiswahili na Kidholuo. Sulwe kwa Kidholuo ni nyota.

Na mwaka 2024, katika "A Quiet Place: Day One", hatimaye yeye ndiye anayefuatwa na kamera tangu mwanzo hadi mwisho. Ni filamu ya viumbe wanaowinda kwa kusikia, kwa hiyo karibu wote wamo humo kimya. Msimulizi atakayeileta Uvira itabidi naye anyamaze kidogo.