Fundi, Maziwa Hayazuii Mvuke wa Thina

Safari hii tungependa kuzungumza na mafundi seremala wanaopuliza vanishi kwa kompresa, pamoja na familia zao na vijana wanaojifunza kazi kwao.

Mafundi wengi hufunga kitambaa puani, na jioni hunywa maziwa ili kusafisha kifua. Njia hizi hazisaidii. Kitambaa huzuia vumbi kidogo tu. Mvuke wa thina hupita. Maziwa nayo huenda tumboni, wakati mvuke umeshaingia mapafuni, ukapita kwenye damu hadi ubongoni. Ndiyo maana fundi huumwa kichwa, huona kizunguzungu, au hujisikia kama mlevi. Asidhani ni uchovu. Ni dalili za sumu. Akiendelea hivyo miaka mingi, ubongo na mishipa ya fahamu huweza kudhurika.

Basi tufanye nini?

1. Pulizia mahali penye hewa ya kutosha, siyo chumbani. Simama upande unakotoka upepo, ili mvuke uende mbali nawe.

2. Vaa miwani ya kukinga macho na barakoa ya mpira yenye vichujio vya mkaa maalumu. Ile ya karatasi haitoshi. Ukisikia harufu ya thina ndani ya barakoa, toka nje ubadilishe vichujio.

3. Mvuke wa thina ni mzito kuliko hewa. Hutambaa chini, ukafika kwenye jiko la mkaa lililo mbali kidogo, ukalipuka. Kwa hiyo pasiwe na jiko, sigara wala cheche karibu.

4. Usinawe mikono kwa thina, kwani hukausha ngozi na huweza kupenya mwilini. Tumia sabuni na maji.

5. Usihifadhi thina katika chupa ya soda. Mtoto akiinywa, msimtapishe wala kumpa maziwa, kwa sababu akitapika huweza kuingia mapafuni. Mpelekeni hospitali mara moja, pamoja na chupa yenyewe.

Fundi akianguka, mpelekeni nje penye hewa safi, kisha mpelekeni hospitali.

Tunajua kwamba barakoa hiyo ni ghali kwa fundi mdogo. Lakini msasa, gundi na misumari huhesabiwa katika bei ya kabati. Barakoa nayo ihesabiwe.