Jiwe na Lugha: Nafasi ya Kikhmer katika Kuifahamu Historia na Ustaarabu wa Wakhmer

Ikisiri

Historia ya Wakhmer wa Kamboja imezoeleka kusimuliwa kwa kupitia mahekalu yao ya mawe, hasa Angkor Wat, na kwa kupitia tenzi za Kisanskriti zinazowasifu wafalme. Makala haya yanafuata njia nyingine: maandishi ya lugha ya Kikhmer yenyewe, kuanzia jiwe la mwaka 611 hadi Katiba ya mwaka 1993. Inabainishwa kwamba Kisanskriti kilihifadhi zaidi utukufu wa watawala, ilhali Kikhmer kilihifadhi mashamba, mipaka, mali na majina ya watu wa kawaida. Na kwamba kudumu kwa Kikhmer baada ya mji mkuu kuhama kunaikanusha dhana ya ustaarabu uliotoweka. Makala yanahitimisha kwamba mapambano ya kuilinda lugha hiyo na hati yake katika karne ya 20 ni sehemu ya historia hiyo hiyo.

1.0 Utangulizi

Wakhmer ni wenyeji wa bonde la chini la mto Mekong na nyanda zinazolizunguka ziwa Tonle Sap. Leo ndio walio wengi nchini Kamboja, na wapo pia kusini mwa Vietnam na kaskazini-mashariki mwa Thailand. Lugha yao ni ya familia ya Kiaustroasia, pamoja na Kimon na Kivietinamu. Hata hivyo, tofauti na Kivietinamu, Kithai na Kilao, Kikhmer sanifu hakitumii toni kutofautisha maana za maneno.

Simulizi iliyoenea kuhusu watu hawa ni fupi: walijenga mahekalu makubwa, wakatoweka, na mji wao ukamezwa na msitu hadi ulipogunduliwa na Mfaransa Henri Mouhot mwaka 1860. Simulizi hiyo ina kasoro mbili. Kwanza, inawatenga wajenzi wa kale na wakulima waliokuwa wakiishi kando ya mahekalu hayo Mouhot alipofika, kana kwamba ni watu wa asili tofauti. Pili, inalitazama jiwe kama jengo tu, na kusahau kwamba jiwe hilo lina maandishi. Zaidi ya maandishi 1,000 ya mawe yamekwisha kuorodheshwa katika nchi zilizokuwa za Wakhmer, na sehemu kubwa ya maandishi hayo imo katika lugha ambayo wazawa wake wanaizungumza hadi leo.

2.0 Mwanzo wa Maandishi ya Kikhmer

Habari za mwanzo kuhusu bonde la chini la Mekong zimo katika kumbukumbu za Kichina, zinazoitaja nchi iliyoitwa Funan na kisha nyingine iliyoitwa Chenla. Majina hayo ni ya Kichina. Uchimbaji wa kiakiolojia katika bandari ya kale ya Oc Eo, ambayo leo imo Vietnam, umethibitisha kuwepo kwa biashara ya mbali iliyoufikia ulimwengu wa Kirumi. Kupitia njia hizo za biashara, dini za Kihindu na Kibuddha, lugha ya Kisanskriti na hati ya Pallava ya kusini mwa India ziliingia katika maisha ya wenyeji.

Wenyeji hawakuipokea hati hiyo kwa ajili ya Kisanskriti peke yake. Waliigeuza ikidhi sauti za lugha yao. Jiwe la kale zaidi la Kikhmer lenye tarehe lilipatikana Angkor Borei, kusini mwa Kamboja, nalo ni la mwaka 611. Yaliyomo si sifa za mfalme. Ni orodha ya watu, mifugo na mashamba ya mpunga yaliyotolewa kwa ajili ya miungu.

Jiwe jingine, lililotoka Sambor kando ya Mekong, limekuwa na umuhimu wa pekee katika historia ya hisabati. Mwandishi wake alitaja mwaka 605 wa kalenda ya Saka, yaani mwaka 683, na mahali pa sifuri akaweka nukta. Nukta hiyo ni miongoni mwa alama za sifuri za kale zaidi zinazojulikana duniani kuandikwa ndani ya tarakimu, nayo imo katika matini ya Kikhmer.

3.0 Lugha Mbili katika Jiwe Moja

Mawe mengi ya Wakhmer yana lugha mbili. Sehemu ya Kisanskriti huwa ya kishairi: huwaomba miungu, hutaja nasaba ya mfalme na kuzisifu vita alizoshinda. Sehemu ya Kikhmer huwa ya nathari: hutaja shamba liko wapi, limepakana na nini, lilinunuliwa kwa nani na kwa bei gani, na nani watalihudumia hekalu kwa zamu. Mgawanyo huo haukuwa kamili. Jiwe la hekalu la Ta Prohm la mwaka 1186, lililoandikwa kwa Kisanskriti, nalo lina hesabu: linataja watu 12,640 walioishi ndani ya hekalu hilo na hospitali 102 katika dola zima. Kwa jumla, hata hivyo, anayetaka kuwajua watawala walivyopenda kuonekana husoma Kisanskriti, na anayetaka kujua nchi ilivyoendeshwa hana budi kusoma Kikhmer.

Orodha za Kikhmer zina majina ya maelfu ya watu waliotolewa kuhudumia mahekalu. Wapo walioitwa kwa majina ya maua, na wapo walioitwa kwa majina ya dharau, kama vile Mbwa. Watu hao waliitwa khnyum. Wanazuoni wanajadiliana iwapo wote walikuwa watumwa kamili au baadhi yao walikuwa wakulima waliotoa kazi kwa zamu. Lisilo na ubishi ni kwamba neno hilo halikufa. Katika Kikhmer cha leo khnyum ni kiwakilishi cha nafsi ya kwanza umoja, yaani "mimi". Neno lililomtaja mtumishi asiye na sauti limekuwa neno ambalo kila Mkhmer hulitumia anapojitaja mwenyewe kwa adabu.

Umuhimu wa sehemu za Kikhmer unaonekana pia katika tukio linalochukuliwa kuwa mwanzo wa dola la Angkor. Mwaka 802, juu ya mlima Kulen, Jayavarman wa Pili alifanyiwa ibada iliyomtangaza kuwa mtawala mkuu asiyekuwa chini ya mwingine. Maelezo ya tukio hilo yanatoka katika jiwe la Sdok Kok Thom, lililoandikwa katikati ya karne ya 11, takriban miaka 250 baadaye. Walioliandika walikuwa ukoo wa makuhani waliotaka kuthibitisha haki yao ya ardhi, na kisa chenyewe kimeelezwa kwa kina katika sehemu ya Kikhmer. Historia ya dola, kwa hiyo, imehifadhiwa ndani ya hati ya madai ya mashamba.

Ni vyema kukumbuka pia kwamba mawe hayakuwa maktaba ya Wakhmer. Zhou Daguan, mjumbe wa Uchina aliyekaa Angkor mwaka 1296 hadi 1297, aliandika kwamba nyaraka za kawaida ziliandikwa kwa chokaa nyeupe juu ya ngozi za paa zilizotiwa rangi nyeusi. Vitabu vya dini viliandikwa juu ya majani ya miti ya jamii ya minazi. Joto, unyevu na mchwa viliviharibu. Kilichobaki kwenye mawe ni sehemu ndogo tu ya fasihi na utawala wa wakati huo.

4.0 Dola la Angkor: Maji, Mpunga na Watu

Mwishoni mwa karne ya 9 Yasovarman wa Kwanza aliweka mji wake mahali panapoitwa leo Angkor, jina linalotokana na neno la Kisanskriti nagara, yaani mji. Katika eneo hilo mvua za masika huleta maji mengi kwa miezi michache, kisha hufuata kiangazi kirefu. Jibu la Wakhmer lilikuwa kuyakusanya na kuyaongoza maji hayo. Walijenga mifereji, matuta na mabwawa makubwa. Lile la Magharibi lina urefu wa takriban kilometa 8 na upana wa kilometa 2.

Kwa msingi huo wa mpunga na nguvukazi, Suryavarman wa Pili alijenga Angkor Wat katika nusu ya kwanza ya karne ya 12 kwa heshima ya Vishnu. Baada ya Wacham kuushambulia mji mwaka 1177, Jayavarman wa Saba alishika utawala mwaka 1181, akajenga mji wa Angkor Thom na kuufanya Ubuddha wa Mahayana kuwa dini ya dola. Upimaji wa kutoka angani kwa miale ya leza, uliofanyika mwaka 2012 na 2015, umeonyesha barabara, viwanja na madimbwi ya makazi chini ya msitu. Mahekalu yalikuwa vitovu vya makazi mapana ya nyumba za miti, na nyumba hizo zimeoza. Watu walioishi humo ndio wanaotajwa katika orodha za Kikhmer.

5.0 Kuhama kwa Mji Mkuu na Kudumu kwa Lugha

Sababu za kudhoofika kwa Angkor ni nyingi. Uchunguzi wa pete za miti ya kale nchini Vietnam umebainisha ukame wa muda mrefu katika karne ya 14 na mwanzoni mwa karne ya 15, ukiandamana na miaka ya mvua kali mno. Mfumo wa maji uliojengwa kwa hali moja ya hewa uliharibiwa na nyingine. Zaidi ya hayo, dola la Ayutthaya lilizidi kushambulia, na mwaka 1431 ndio unaotajwa kimapokeo kuwa mwaka wa kutekwa kwa mji. Biashara ya baharini nayo iliwavuta watawala kuelekea kusini, karibu na Phnom Penh, panapokutana mito ya Mekong na Tonle Sap.

Mabadiliko ya dini yalikuwa yamekwisha kutangulia. Ubuddha wa Theravada, ambao lugha yake takatifu ni Kipali, ulienea kutoka karne ya 13. Katika karne ya 14 uandishi wa Kisanskriti juu ya mawe ulikoma. Kikhmer hakikukoma. Katika karne ya 16 wafalme walirudi kuikarabati Angkor Wat, ambayo sasa ilikuwa hekalu la Kibuddha, na michongo iliyokuwa haijakamilika ikakamilishwa. Mwaka 1577 mama wa mfalme aliacha humo maandishi ya Kikhmer ya kuufurahia ukarabati uliofanywa na mwanawe. Mahujaji wengine wakaandika nadhiri zao katika karne zilizofuata. Mwaka 1632 hata mhiji wa Kijapani aliacha maandishi yake juu ya nguzo. Mahali palipohijiwa namna hiyo hapakuwa pamepotea wala kusahauliwa na wenyewe.

6.0 Ukoloni na Mgogoro wa Hati

Ufaransa iliitia Kamboja chini ya himaya yake mwaka 1863. Wanazuoni wa Kifaransa walifanya kazi kubwa ya kusoma mawe. George Cœdès alichapisha juzuu 8 za maandishi hayo kati ya mwaka 1937 na 1966. Hata hivyo, dhana ya ustaarabu uliokufa iliwafaa watawala wa kikoloni, kwani iliwapa nafasi ya kujitangaza kuwa walinzi wa urithi ambao wenyewe eti walikuwa wameusahau.

Wakati huo huo, watawa wa Kibuddha walikuwa wakiijenga lugha. Mtawa Chuon Nath aliongoza utungaji wa kamusi ya Kikhmer, ambayo juzuu yake ya kwanza ilitoka mwaka 1938. Mwaka 1943 utawala wa Kifaransa uliamuru hati ya Kikhmer iachwe na lugha iandikwe kwa herufi za Kirumi. Hoja iliyotolewa ilikuwa urahisi na maendeleo. Watawa na wasomi waliona jambo jingine: kizazi kimoja tu baadaye, mtoto wa Kikhmer asingeweza kusoma maandishi ya dini yake wala ya wahenga wake. Amri hiyo ilifutwa mwaka 1945. Uhuru ulipatikana tarehe 9 Novemba 1953.

7.0 Miaka ya 1975 hadi 1979

Pigo kubwa zaidi lilitoka ndani. Kuanzia tarehe 17 Aprili 1975 hadi tarehe 7 Januari 1979, utawala wa Khmer Rouge ulioongozwa na Pol Pot ulisababisha vifo vya watu wanaokadiriwa kuwa kati ya milioni 1.5 na milioni 2, takriban robo ya wananchi wote. Walimu na wasomi waliwindwa, watawa walivuliwa kanzu, shule zilifungwa. Vitabu vya Maktaba ya Taifa vilitupwa, na miswada ya majani iliyokuwa katika mahekalu ya vijijini iliteketea kwa wingi. Hata maneno ya heshima ya Kikhmer, yanayotofautisha mkubwa na mdogo, yalipigwa vita. Watu walitakiwa kuitana mit, yaani rafiki.

Utawala huo uliweka picha ya Angkor Wat katika bendera yake. Uliyatukuza mawe huku ukiwaua watu walioweza kuyasoma. Hapo ndipo hatari ya kuutenga ustaarabu na lugha yake ilipodhihirika.

8.0 Hitimisho

Makala yameonyesha kwamba historia ya Wakhmer ina uzi mmoja usiokatika, nao ni lugha. Mwanaisimu wa Kikhmer Saveros Pou, aliyetunga kamusi ya Kikhmer cha kale na kuyachambua maandishi ya Angkor ya zama za karibuni, aliufuata uzi huo katika kazi zake. Tangu miaka ya 1990 miswada iliyonusurika imekuwa ikikusanywa na kutengenezwa upya. Katiba ya mwaka 1993, katika Ibara ya 5, inatamka kwamba lugha rasmi na hati rasmi ya nchi ni Kikhmer. Kutajwa kwa hati kando ya lugha kunaeleweka vyema na anayeukumbuka mwaka 1943. Inapendekezwa, kwa hiyo, kwamba ufundishaji wa historia ya Kamboja usiishie katika vipimo vya mahekalu na majina ya wafalme, bali uwafikishe wanafunzi katika orodha zile za mashamba, mifugo na watumishi, kwa kuwa humo ndimo walimo watu waliobeba mawe.