Msitu Wetu na Afya ya Nyumba

Mama, makala unayowasha jioni katika mbabula yametoka wapi? Mwulize yule anayekuuzia. Mji wa Lubumbashi ulipoanza mwaka 1910, msitu ulikuwa mlangoni. Leo makala huletwa kwa baiskeli na kwa magari kutoka mbali, kwa njia ya Likasi, ya Kasenga na ya Kasumbalesa. Safari ikiwa ndefu, bei hupanda. Basi jambo la msitu ni jambo la jikoni kwako, na la afya ya watoto wako.

Msitu wetu ni wa namna gani?

Watu wakisema msitu wa Kongo, hufikiri ule msitu mkubwa wa mvua wa kaskazini, kule Kisangani na Mbandaka. Huo pamoja na misitu ya nchi jirani ni wa pili kwa ukubwa duniani, baada ya msitu wa Amazon. Sisi wa Katanga tuna msitu wa namna nyingine, nao huitwa miombo. Miti yake hupukutisha majani wakati wa kiangazi, na kabla mvua haijaanza huchipua majani mapya mekundu. Ni msitu mkavu kuliko ule wa kaskazini, lakini kazi zake ni nyingi.

Msitu unatupa nini?

Kwanza, unatunza maji. Mvua ikinyesha penye miti, majani huvunja nguvu yake, nayo maji huingia ardhini polepole na kulisha visima na vijito. Penye ardhi tupu, maji hukimbia na kubeba udongo mzuri na uchafu mpaka mtoni. Mtu akiteka maji hayo na kuyanywa bila kuyachemsha, huugua tumbo.

Pili, unatupa chakula. Viwavi tunavyokula hukua kwa majani ya miti ya miombo. Uyoga mwingi unaouzwa kando ya barabara wakati wa mvua huishi pamoja na mizizi ya miti hiyo. Miti ikifa, uyoga nao hautaonekana tena. Asali na masuku pia hutoka huko. Mtoto anayelishwa bukari peke yake huweza kuvimba miguu na uso, nywele zake zikageuka rangi, naye akakosa nguvu. Viwavi vina chakula kile cha kujenga mwili ambacho bukari inakosa. Kwa nyumba isiyo na fedha ya kununua nyama, msitu ni ghala.

Nani anaumaliza?

Wengi wetu, kila mtu kwa sehemu yake. Mkulima hufyeka shamba jipya. Mchomaji wa makala hupanga magogo, huyafunika kwa udongo na kuyachoma. Katika tanuru ya namna hii, kilo 100 za kuni kavu hutoa kama kilo 10 mpaka 20 tu za makala. Watu wa mji nao hununua, kwa maana nyumba nyingi hazina umeme, au umeme hukatika.

Kuna na mambo makubwa zaidi. Tangu mwaka 1911 moshi wa kiwanda cha kuyeyushia shaba ulipelekwa na upepo miaka mingi upande wa Penga Penga, na miti ya huko ikafa. Baada ya mwaka 2010 wafanya biashara waliukata sana mti wa mukula, kwa ajili ya mbao zake nyekundu zilizopelekwa China. Mwaka 2019 mataifa yalipatana kwamba mukula usivuke mpaka bila kibali. Lakini mti hukatwa kwa saa moja, nao huhitaji miaka mingi kukua.

Tufanye nini?

1. Punguza makala. Loweka maharagwe usiku kucha, yataiva upesi. Funika chungu kwa kifuniko. Tumia mbabula yenye udongo ndani, kwa sababu hutunza moto. Chakula kikiiva, zima makala yaliyobaki, uyatumie kesho.

2. Usilale na mbabula ndani ya nyumba. Katika baridi ya mwezi wa 6 na wa 7, watu hufunga mlango na dirisha, wakaacha makala yakiwaka. Makala hutoa hewa yenye sumu isiyo na harufu. Mtu huumwa kichwa, hulegea, kisha hufa usingizini. Ukimkuta mtu hivyo, fungua mlango, mtoe nje penye hewa safi, na umpeleke hospitali mara moja.

3. Usiue kisiki. Miti mingi ya miombo ikikatwa huchipua tena. Usikichimbue kisiki wala kukichoma. Acha machipukizi yakue.

4. Zuia moto wa mwisho wa kiangazi. Mwezi wa 9 na wa 10 majani ni makavu sana, na moto huua miti michanga. Anayetaka kusafisha kando ya shamba na afanye mapema, nyasi zikiwa bado na umande, akiwa na wenzake wa kuulinda moto.

5. Usikate mti mzima ili kupata viwavi. Ukiukata, mwaka ujao utavitafuta wapi?

Wewe uliye mzee wa kijiji au baba wa nyumba, kaeni pamoja mkapatane ni sehemu gani ya msitu itapumzika, na kwa miaka mingapi. Na wewe mama, anza leo jioni na kifuniko cha chungu. Mfuko wa makala ukidumu siku mbili zaidi, fedha imebaki nyumbani, na miti imebaki imesimama.