Mbuzi wa Birere na sokomutu wa pori: sheria inalinda nani?

Ku Birere, hii tunaiona kila siku: mbuzi amefungwa miguu yote ine nyuma ya moto, kichwa kinaning'inia karibu na gurudumu. Kuku wameshikwa miguu, vichwa chini, toka sokoni mpaka nyumbani. Ukiuliza, jibu ni moja: « Si anaenda kuchinjwa tu? » Basi, sheria inasema nini?

Tuanze na wanyama wa pori, ju hao ndio sheria yetu inawajua zaidi. Sheria nambari 14/003 ya tarehe 11 Februari 2014, juu ya kulinda mazingira, inakataza kuua, kukamata ao kuuza wanyama wanaolindwa, sawa vile ngagi na sokomutu. Mwenye kuvunja sheria hiyo anaweza kufungwa na kulipa amande. Hata ukinunua mtoto wa sokomutu ju ya huruma, pesa yako inamrudisha muwindaji porini. Na ili apate mtoto mmoja, mara nyingi anaua kwanza mama yake. Ndiyo maana kule Lwiro, Kivu Kusini, tangu 2002 kuna kituo cha kulea mayatima hao.

Na mbuzi je? Mbele ya sheria, yeye ni kwanza mali ya mutu. Ukimuiba, ni wizi. Lakini mwenye mbuzi akimtesa, Kongo haina sheria ya pekee juu ya namna ya kutendea wanyama wa kufugwa, sawa ile Tanzania ilipitisha mwaka 2008, yenye kugusa hata kusafirisha na kuchinja.

Hii haiko mambo ya huruma peke yake. Mnyama aliyeteswa na kuchoka mbele ya kuchinjwa anamaliza nguvu iliyowekwa ndani ya misuli; nyama yake inakuwa nyeusi na inaoza haraka. Pale alipoumia, damu inavilia, na kipande hicho kinatupwa. Kuku naye, akiwa kichwa chini, matumbo yanalemea mapafu, anapumua kwa shida. Akifia njiani, hasara ni ya mama muuzaji.

Dini zetu zilisema mambo haya zamani. Mchinjaji Muislamu anafundishwa kunoa kisu mbali na macho ya mnyama. Biblia, katika Mithali, inamsifu mutu mwenye kujali mnyama wake.

Kuna mambo tunaweza kufanya bila kungojea bunge: kuku waingie katika kikapu chenye hewa; mbuzi atembee ao asimame ndani ya gari, na apewe maji mbele ya safari. Na mutu akikuletea mtoto wa sokomutu, usinunue. Julisha ICCN.