Ujumbe wa Ziwani Uliopanda Milima ya Abagusii

Waandishi wa hadithi za kubuni wakishaumba dunia nyingi hulazimika kubuni pia utaratibu mmoja wa mawasiliano, ili wakazi wa dunia hii wawaelewe wa ile. Abagusii wa Kisii na Nyamira, magharibi mwa Kenya, walikuwa nao tangu zamani. Walio hai na ebirecha, yaani mizimu ya ukoo, walihesabiwa kuwa jamaa moja iliyo pande mbili, na habari kati yao zilipita kwa njia maalumu. Mzimu uliosahauliwa ulituma ugonjwa, kifo cha mifugo au ishara ya ajabu nyumbani. Familia ilimwendea omoragori, mpiga ramli, aghalabu mwanamke ambaye mwenyewe aliitwa na mizimu kwa maradhi, akapona alipoikubali kazi. Yeye ndiye aliyemtaja mzimu uliokasirika na kisa chake, na jamaa wakajibu kwa kafara ya mbuzi au kuku. Mtumaji, ishara mwilini, msemaji, agizo la kutekelezwa: asiyeuzingatia mpangilio huu hawezi kueleza jinsi dini ya Mumbo, iliyozuka kwa Waluo, ilivyoshika mizizi Gusii.

Mwaka 1913, huko Alego katika nchi ya Waluo, Onyango Dunde alisimulia kwamba joka kubwa lilitoka Ziwa Victoria, likammeza, likamtema akiwa mzima. Joka lilijitambulisha kuwa Mumbo, likampa ujumbe: dini ya Wazungu imeoza, Wazungu wenyewe watatoweka, wafuasi wavae ngozi, wasinyoe nywele, watoe kafara. Hatua zote nne zimo. Kuna mtumaji anayejitaja, mwili uliopitia mateso ukarudi salama, mtu mmoja aliyepewa ulimi, na maagizo ya wazi. Ndiyo maana habari hii iliweza kuvuka mpaka wa lugha. Kijaluo na Ekegusii ni lugha za jamii mbili tofauti kabisa, lakini msikilizaji wa Gusii hakuhitaji kufundishwa namna ya kuipokea. Tena ziwa halikuwa geni kwake, kwa kuwa masimulizi ya Abagusii yanasema mababu walikaa kandokando yake kabla ya kupanda milimani.

Jambo linalonivutia zaidi ni kile Abagusii walichokiongeza. Walimwingiza Sakawa, mwonaji wao wenyewe, ambaye kwa mapokeo alitabiri kuja kwa Wazungu, akaonyesha pale Getembe, ulipo mji wa Kisii leo, mahali ambapo majengo ya serikali yangesimama, kisha akatoweka. Wafuasi wa Mumbo walingoja arudi. Njia ilikuwa ya pamoja, lakini sauti iliyosikika upande huu ilikuwa ya nyumbani.

Wapo watakaosema hii ilikuwa siasa tu iliyovishwa joho la dini. Sababu za hasira zilikuwepo kweli: msafara wa kijeshi wa Waingereza wa 1905, kisha adhabu kali ya 1908 baada ya Otenyo, mpiganaji wa Kigusii, kumchoma mkuki ofisa wao Northcote. Tena Septemba 1914 Wajerumani walipoingia Kisii na Waingereza wakaondoka kwa muda, watu walipora mji na misheni, na waumini wakaona utabiri unatimia. Lakini hasira inaeleza kwa nini watu walitaka Wazungu waondoke. Haielezi kwa nini waliamini neno la mtu mmoja kutoka Alego. Imani hiyo ilitokana na umbo la ujumbe. Serikali ya kikoloni haikuliona umbo hilo. Iliwaona wafuasi kuwa wenye kichaa na wachochezi, ikawahamisha viongozi, wengine hadi Lamu, na mwaka 1954 ikaipiga marufuku dini yenyewe.

Pingamizi zito zaidi ni kwamba utabiri haukutimia: Wazungu walirudi Kisii haraka na kuwaadhibu waporaji. Nakubali, na hapo ndipo penye udhaifu wa utaratibu wenyewe. Ulijua kuufikisha ujumbe na kuutambulisha, ila haukuwa na njia ya kumpima mjumbe kabla watu hawajatii. Pengo hilo bado linaua. Mwaka 2008 wazee 11 walichomwa Kisii kwa tuhuma za uchawi; Oktoba 2021 wanawake wanne wazee waliuawa Marani, hukohuko Kisii, kwa tuhuma hizohizo. Tuhuma ya uchawi nayo hudai kuijua siri ya upande usioonekana, na umati hutekeleza bila kumuuliza msemaji amejuaje. Sheria ya Uchawi ya Kenya ya 1925, ambayo wengi huikumbuka kwa kuwabana waganga, inamtia hatiani pia anayemwita mwenzake mchawi, isipokuwa akipeleka tuhuma kwa chifu, polisi au ofisa mwingine wa serikali. Kipengele hicho ndicho kinachostahili kusomwa kwenye mabaraza ya machifu, kanisani na misibani, mahali ambapo majina ya vikongwe huanza kunong'onwa.